Hatua za Yeri

Daftari lenyewe ni leja ya stoo:
majembe kumi na saba, karai, toroli bovu.
Ukilipindua, miguu juu kichwa chini,
unaikuta timu yetu ya raga
tangu chuo hakijapata geti.

Mkuu anataka ubao wa kioo pale mapokezi,
majina kwa rangi ya dhahabu:
nani alikimbia na mpira mbali kuliko wote
katika mechi moja.
"Mbodze, hiyo ni kazi ya saa moja,"
akasema, akaenda zake Kilifi mkutanoni.

Saa moja!
Mchwa wameula mwaka mzima wa themanini na nane,
wakabakiza neno "mvua".
Wa tatu jina lake limelowa chai.
Wa pili Shee Famau, 171, siku aliyocheza na homa.
Wa kwanza Thoya Ngumbao, 214,
na chini yake, kwa penseli: K, 6.
Karai sita, nikadhani,
zimepotea njia kutoka upande wa pili.

Na kila asubuhi Jilani yuko dirishani kwangu.
Mwezi uliopita tulimpima kwa futi ya mafundi ujenzi,
mita mia na themanini kamili.
"Dada, mimi ni wa pili au wa kwanza?"

Nitamjibu nini? Zile za zamani si mita.
Yeri wa stoo, mfyekaji wa mbigili, ndiye aliyekuwa futi.
Mechi ikiisha, watu wakikimbilia sharubati ya ukwaju,
yeye alibaki uwanjani akizirudia mbio zote kwa miguu yake:
walipokata kona akakata,
walipoangushwa akasimama, midomo ikicheza.
Hakuna aliyemtuma.
Na Yeri alikuwa mfupi, wanasema,
na tangu goli la chuma limwangukie
mguu wa kulia aliuburura.
Kwa hiyo kila mwaka aliozeeka yeye
vijana wetu walikimbia mbali zaidi.

Nikamtafuta Thoya. Anatengeneza friji Maweni,
nyuma ya duka la magodoro.
Kichwa kilikuwa ndani ya friji, akanijibu humohumo:
"Mia mbili na kumi na nne? Basi Yeri alinionea huruma."
Mlicheza na nani?
"Na Voi. Tulishindwa kwa alama mbili."

Sikulijua hilo. Daftari halisemi nani alishinda.

Akatoa kichwa, akajifuta mikono kwenye suruali.
"Ile mara ya mwisho Kahindi alikuwa kushoto, peke yake,
mikono ameinyoosha hivi, kama anapokea mtoto mchanga.
Nilimwona. Ukiandika, andika nilimwona.
Nilitaka hatua kumi zaidi, zangu.
Nikazipata. Wakanilaza chaki ikiwa hapa,"
akaonyesha urefu wa bisibisi.

Kahindi yuko wapi siku hizi?
"Takaungu, ana ng'ombe wa maziwa. Tunasalimiana.
Hajawahi kulitaja hata siku moja,
ndipo nikajua hajalisahau."
Akarudi ndani ya friji. Gesi ilikuwa inavuja.

Jioni nimeingia uwanjani na ndala zangu,
mguu wa kulia nikauburura,
Jilani ameshika ncha ya pili ya futi, anacheka.
Tukapata sentimita hamsini na kitu.
Akaacha kucheka, akaanza kuzidisha kwa vidole.
Nikamwambia acha, huu ni mguu wangu,
wa Yeri umeshazikwa.

Ofisini nikaupindua tena ule ukurasa.
Thoya Ngumbao, 214.
K, 6.

Karai, kule nyuma, zilikuwa nne.
Nimezihesabu mara mbili.

Kumbe jioni ile, watu wakinywa ukwaju,
Yeri alifika pale Thoya alipolala,
akasimama, midomo ikicheza,
halafu akageukia kushoto.